Ng'ombe wa Kuazima

Katika mashauri ya ardhi, shahidi asemaye uwongo huadhibiwa. Katika sinema na televisheni, picha isemayo uwongo hulipiwa, husifiwa, na pengine hutunukiwa zawadi. Tofauti hii haina insafu. Wale waifanyao kazi ya kutafuta picha za kale kwa ajili ya sinema hawana budi kuulizwa juu yake, na kabla yao waulizwe wale wanaowatuma.

Mazoea yenyewe yanajulikana. Mtayarishaji hutaka kueleza habari za watu fulani wa miaka iliyopita. Maneno ya msimulizi yamekwisha kuandikwa, ngoma imekwisha kuchaguliwa, na kinachopungua ni kitu cha kukijaza kioo wakati msimulizi anaposema. Basi mtu huagizwa akatafute ng'ombe wa zamani. Hupewa siku tatu au nne, na fedha zisizotosha. Naye hurudi na nusu dakika ya ng'ombe waendao mtoni, vumbi likipanda nyuma yao, na kijana mwenye mkuki akisimama kwa mguu mmoja. Hakuna aulizaye ng'ombe wale walikuwa wa nani, mto ule ni upi, wala mwaka ulikuwa upi. Getanuwas hutajwa kwa sauti, na nchi ya Wamasai huonyeshwa kwa picha. Mtazamaji wa Dar es Salaam hajui. Wa London hajali. Na wa Getanuwas, ambaye angejua mara moja, hakuulizwa.

Getanuwas ni kata ya Wilaya ya Hanang, katika Mkoa wa Manyara. Ni nchi ya Wabarabaig, tawi la Wadatoga, watu wa ng'ombe tangu enzi zisizohesabika, ambao majirani zao wa karibu ni Wairaqw wa Mbulu. Mlima Hanang, wenye urefu wa zaidi ya mita 3,400, husimama peke yake juu ya tambarare zile, na mtu aliyezaliwa huko huutambua umbo lake kutoka kila upande kama atambuavyo uso wa mzazi wake. Jambo hili la mlima litarudi baadaye, maana lina kazi katika hoja hii.

Nchi hiyo ina kesi yake, na kesi hiyo ndiyo inayoifanya habari ya picha kuwa nzito. Tangu mwisho wa miaka ya 1960, na hasa katika miaka ya 1970 na 1980, tambarare za Basotu zililimwa ngano na shirika la serikali la NAFCO, kwa fedha, wataalamu na mitambo kutoka Kanada. Mashamba yakafika saba, na ardhi iliyotwaliwa ikakaribia ekari 100,000. Ardhi hiyo ilikuwa malisho, na malisho yaliyo bora, ambayo wafugaji waliyahamia na kuyaacha kwa majira ili nyasi zipumzike. Palikuwa na makaburi pia. Wabarabaig humzika mzee mwenye heshima kwa matanga ya miezi mingi, na juu ya kaburi lake hujenga kichuguu kirefu cha udongo kiitwacho bung'eda, ambacho hukaa kuwa alama ya ukoo na mahali pa kuombea. Trekta halijui bung'eda. Baadhi ya makaburi hayo yalilimwa pamoja na nyasi.

Kijiji cha Mulbadaw kilikwenda mahakamani katika mwaka 1981, pamoja na wanakijiji waliodai kwa majina yao. Mahakama Kuu iliwapa haki. Mahakama ya Rufani iliigeuza hukumu hiyo katika mwaka 1985, na sababu zake zinastahili kukumbukwa na kila mtu mwenye kushika kamera: halmashauri ya kijiji haikuweza kuonyesha kwamba ilipewa ardhi ile kwa taratibu za sheria, na wanakijiji hawakuthibitisha mbele ya mahakama kwamba wao ni wenyeji kwa maana ya sheria. Watu wameishi mahali, wamezaa na kuzika, kisha wameambiwa kuwa ushahidi wa kukaa kwao haukutosha. Mwaka 1987 amri ya serikali ikaja kuzifuta haki za kimila juu ya ardhi ya mashamba yale. Baadaye mashamba yenyewe yalitoka mikononi mwa shirika hilo, lakini kumbukumbu ya kesi haikutoka vichwani mwa watu.

Sasa na afikiriwe mtayarishaji anayetaka kuisimulia habari hiyo leo katika televisheni. Swali la kwanza la kesi lilikuwa: nani alikuwa katika tambarare hizi kabla ya jembe, na alifanya nini humo? Mtayarishaji hulijibu kwa kuonyesha ng'ombe wa mahali pengine. Akisha kufanya hivyo, amempa mshindani hoja asiyostahili kuipata. Mshindani atasema, na atasema kweli: Hawa si Wabarabaig, na pale si Basotu, kama mlikuwapo, mbona hamna picha hata moja ya kwenu? Nguo ya kuazima haisitiri matako, walisema wahenga, na ng'ombe wa kuazima hawawezi kuwa mashahidi wa malisho ambayo hawakuyala.

Wapo watakaosema kwamba hilo ni kosa la bahati mbaya, na kwamba mtafutaji hakuwa na njia ya kujua. Neno hili halikubaliki. Njia zipo, na mtu aliyejifunza kazi yake anazijua. Taabu ni kwamba kazi hii haihesabiwi kuwa elimu. Huonekana kuwa kazi ya tarishi: kwenda dukani, kulipa, kurudi. Laiti watu wangejua jinsi inavyofanana na kazi ya mwanahistoria, wasingemkabidhi kijana aliyeajiriwa juzi, asiye na mwalimu.

Yachukuliwe majina peke yake. Mtu akiandika neno Manyara katika orodha ya maktaba ya picha ya Ulaya, ataletewa ziwa, ndovu, na simba waliolala juu ya miti, kwa kuwa Manyara ni jina la ziwa na la hifadhi ya wanyama iliyoanzishwa mwaka 1960. Mkoa wa Manyara ulizaliwa mwaka 2002. Picha yoyote ya Hanang iliyopigwa kabla ya hapo haikuweza kuandikwa Mkoa wa Manyara; iliandikwa Arusha, au Mbulu, au, katika siku za Waingereza, Jimbo la Kaskazini la Tanganyika. Jina Getanuwas mpiga picha mgeni hakulisikia, na kama alilisikia aliliandika kwa masikio ya Kiingereza au ya Kijerumani. Watu wenyewe ni vigumu zaidi kuliko mahali. Wabarabaig hawakuandikwa Wabarabaig siku zote. Waliandikwa Watatoga, Wataturu, na mara nyingi Wamang'ati, jina walilopewa na Wamasai, ambalo kwa Kimasai ni neno la adui. Mtafutaji asiyelijua tusi hilo hatazipata picha za waliotukanwa. Na hapa pana ugumu wa insafu: sharti alitumie tusi katika kutafuta, kisha alitupe katika kuonyesha. Wapo wanaolitumia katika kutafuta na kuliacha liingie mpaka katika maneno ya msimulizi.

Baada ya majina, picha yenyewe. Mtafutaji mwema huipokea ile nakala hafifu ya kutazamia, yenye namba za dakika na sekunde pembeni, na huitazama kama hakimu. Aulize kwanza mlima. Je, nyuma ya ng'ombe upo mlima mmoja mkubwa uliotengana na mingine, au safu ndefu ya milima? Atazame wanawake. Mwanamke wa Kibarabaig wa zamani huonekana kwa sketi yake ya ngozi iliyotengenezwa kwa vipande vyembamba, na wengi walikuwa na chale za mviringo kuzunguka macho, ambazo haziwezi kukosewa. Atazame mavazi ya wanaume, mapambo ya shaba, ua wa miiba, magari kama yapo na aina zake, maana gari husema mwaka kwa ukweli kuliko mtu. Kisha aombe karatasi ya mpiga picha, ile iliyosafiri pamoja na mkanda kutoka kambini, yenye tarehe na mahali. Aghalabu karatasi hiyo ipo, katika sanduku lingine, na hakuna aliyeiomba kwa miaka 40. Aulize pia mabaki: vile vipande ambavyo mhariri wa kwanza alivikata na kuviweka kando. Katika sinema iliyomalizika, kamera hukaa juu ya Mzungu na trekta lake. Katika mabaki, kamera huchelewa kuzimwa, na mwanamke apitaye na kibuyu huonekana kwa sekunde kumi pasipo mtu kumwagiza. Sekunde hizo kumi zaweza kuwa ndizo pekee za kweli katika mkanda wote.

Swali la wapi pa kutafuta lina majibu ya aibu. Picha za Afrika Mashariki ya zamani zimelala mbali na Afrika Mashariki. Kati ya mwaka 1935 na 1937, wataalamu wa Kiingereza, kwa fedha za Marekani, walifanya majaribio ya sinema za kuwafundisha Waafrika, na makao yao yalikuwa Vugiri, katika milima ya Usambara. Walitengeneza sinema fupi zipatazo 35, wakazunguka nazo katika makoloni ya Afrika Mashariki na ya Kati. Chache zilizosalia zimo London. Kitengo cha sinema cha makoloni kilichoanzishwa mwaka 1939 kiliacha mikanda yake London vile vile. Mwaka 2010 ilitolewa orodha kubwa ya sinema za himaya ya Waingereza zaidi ya 6,000, na hiyo ni faida isiyokanika, lakini orodha imeandikwa kwa macho ya walioziagiza sinema, na nyingi ya picha hizo husomwa tu, hazitazamwi. Habari za siku ya Uhuru, tarehe 9 Desemba 1961, zinauzwa na kampuni za Ulaya. Kampuni ya British Pathé iliweka filamu 85,000 katika intaneti mwaka 2014, na shirika la AP likafuata mwaka 2015 kwa hazina yake na ya Movietone. Kila mtu huzitazama bure. Kuzitumia katika sinema ni jambo jingine.

Maana picha hizo huuzwa kama kitambaa. Hupimwa kwa sekunde au kwa dakika, na maktaba nyingi huweka kipimo cha chini ambacho mnunuzi hukilipia hata akitaka sekunde tano tu. Bei hupanda kadiri ya mahali pa kuonyeshea: nchi moja au dunia nzima, miaka mitano au milele, ukumbini, televisheni au intaneti. Mtoto wa Getanuwas akitaka kuuonyesha uso wa babu yake katika sinema yake mwenyewe, sharti amlipe mtu ambaye babu hakupata kumjua, kwa fedha za kigeni, na leseni ikiisha muda sinema yake haina ruhusa tena. Babu hakuulizwa siku ya kupigwa picha, na mjukuu haulizwi siku ya kuuziwa. Sheria za hakimiliki humlinda aliyeishika kamera na aliyemlipa. Za kumlinda aliyesimama mbele yake ni haba mno.

Wala isidhaniwe kwamba kaskazini ya Tanganyika ilikosa wapiga picha. Walijaa. Bernhard Grzimek na mwanawe Michael walirusha ndege juu ya Serengeti, na Michael akafa katika ajali ya ndege hiyo tarehe 10 Januari 1959. Sinema yao ya kutaka Serengeti isife ilitoka mwaka huo huo, na mwaka 1960 ikapata tuzo ya Oscar. Howard Hawks alileta watu wake wa Hollywood kupiga Hatari!, iliyotoka mwaka 1962, ambamo vifaru na twiga hukimbizwa kwa magari. Mikanda ya wanyama ikajaa ghala za dunia. Binadamu na ng'ombe wao waliingia katika picha kama kasoro, kitu cha kuondolewa ili nyika ionekane nzuri. Na katika mwaka ule ule 1959 Wamasai waliondolewa katika Serengeti kwa sheria. Sinema hiyo haikuitunga sheria, lakini iliufundisha ulimwengu kuiona nyika pasipo wenyewe. Akumbuke hilo mtayarishaji anayesema kwamba picha ni pambo tu.

Ndiyo maana ghala zina uwiano wa ajabu: punda milia maelfu, Wamasai mamia, Wabarabaig wachache wa kuhesabika. Na ndiyo maana mtafutaji mvivu huwachukua Wamasai. Wapo tele, wamekwisha kupangwa, bei yao inajulikana. Mmasai naye hudhulumiwa katika biashara hii, kwa kuwa ng'ombe wake huitwa kila mwezi kushuhudia maisha ya watu wengine, naye hapewi nafasi ya kukanusha.

Hoja ya pili ya watayarishaji ina nguvu zaidi, na ni haki ipewe nafasi yake. Husema: Picha za kweli hazipo. Hakuna aliyekwenda Basotu na kamera siku lilipolimwa kaburi la kwanza. Je, televisheni ionyeshe giza?

Naam, kama hapana budi, ionyeshe giza. Au ionyeshe tambarare ilivyo leo, na msimulizi aseme waziwazi kwamba ni leo. Au imweke mzee mbele ya kamera aeleze kwa mdomo wake, na mikono yake ioneshe kichuguu kilikuwa wapi. Pengo lisilojazwa husema kweli moja kubwa, kwamba wenye kamera hawakuona sababu ya kuja. Kulijaza pengo hilo kwa ng'ombe wa kuazima ni kuwasamehe kwa niaba ya watu ambao hawakusamehe. Mfano wa Uganda unafaa hapa. Mwaka 2015 katika kituo cha utangazaji cha taifa, mjini Kampala, lilipatikana kabati lenye hasi za picha zipatazo 70,000 zilizopigwa na wapiga picha wa serikali, nyingi zikiwa za wakati wa Idi Amin. Baadhi yake zilionyeshwa mwaka 2019 katika Jumba la Makumbusho la Uganda. Wapiga picha wale walionyesha mikutano, sherehe, michezo na mashauri. Mateso hawakuyapiga. Waliotayarisha maonyesho hawakwenda kuazima maiti za nchi nyingine ili kuijaza kuta. Walikabiliwa na ukimya wa picha zenyewe, wakautendea kama sehemu ya habari. Watayarishaji wa televisheni wanaweza kulifanya hilo pasipo gharama ya shilingi moja.

Picha kuwa ya kweli hakutoshi pia. Baada ya Mapinduzi ya Zanzibar ya Januari 1964, watu wa sinema wa Kiitaliano waliruka kwa ndege juu ya kisiwa na kupiga picha za maiti na za watu wakimbiao. Picha hizo zilitiwa katika Africa Addio ya Gualtiero Jacopetti na Franco Prosperi, iliyotoka mwaka 1966 na kushutumiwa tangu siku hizo kwa jinsi inavyowadharau Waafrika. Leo vipande vyake huzunguka pasipo jina la sinema, pasipo jina la waliopiga, na kila mwenye shauri lake kuhusu Zanzibar huvipachika maneno yake. Wanaovitumia huapa kwamba maiti zile ni za kweli. Hakuna anayebisha juu ya maiti. Kinachobishaniwa ni nani aliyechagua aruke wapi, akate wapi, aache nini chini, na kwa nia gani. Na mtafutaji asiyetaja chimbuko la kipande humficha mtu huyo nyuma ya marehemu.

Liko kosa jingine dogo, nalo linachekesha kidogo. Mwanzoni mwa miaka ya 1950, kampuni ya Afrika Kusini ilitengeneza katika Tanganyika michezo ya sinema ya Kiswahili, na katika Muhogo Mchungu aliigiza kijana Rashidi Kawawa, ambaye miaka kumi baadaye alikuwa Waziri Mkuu. Vipande vya michezo ya namna hii ni hatari kwa mtafutaji asiyeuliza, kwa maana mchezo uliotungwa katika afisi ya serikali waweza kuonyeshwa kama maisha halisi ya mji. Mwigizaji hununua, huibiwa, hujuta, na msimulizi wa leo hueleza kwamba ndivyo watu walivyoishi.

Lawama yote haiwezi kutupwa baharini kuelekea Ulaya. Nyumbani pana hazina, na nyumbani pana upotevu. Kampuni ya Filamu Tanzania ilianzishwa mwaka 1968, na chuo cha picha na sauti kikafuata mwaka 1974 kwa msaada wa Denmark. Vilipiga mikanda ya vijiji, ya kilimo, ya siasa. Zanzibar ilikuwa na televisheni yake, ya rangi, katika mwaka 1973, miaka 20 na zaidi kabla ya Bara. Mikanda ya sinema ya namna ile hunuka siki inapooza, na mtu aliyeingia katika ghala lenye harufu hiyo hana haja ya kuambiwa hali ya vilivyomo. Kanda za sumaku za televisheni hufa kimya zaidi: mkanda huonekana mzima, lakini mashine ya kuucheza haitengenezwi tena popote. UNESCO na wataalamu wa hifadhi za sauti walitoa onyo mwaka 2019, wakiutaja mwaka 2025 kuwa mpaka, ambao baada yake kanda nyingi zisizohamishwa zitakuwa zimepotea. Sheria ya Kumbukumbu na Nyaraka ya mwaka 2002 inayo Tanzania, na idara ya kuitekeleza inayo. Lakini sheria haitii mkanda katika mashine.

Na vyuo vikuu? Mwanafunzi wa historia akinukuu barua ya mwaka 1930 na kuiita ya 1950, hushindwa mtihani. Akipachika katika kazi yake picha ya Wamasai na kuiita ya Wabarabaig, hupongezwa kwa kuipamba. Walimu wanaomwuliza tarehe ya waraka hawamwulizi tarehe ya picha. Kutoka katika vyuo hivi ndiko wanakotoka watayarishaji, kwa hiyo haifai kustaajabu.

Wanachostahili kudaiwa watayarishaji kinaweza kusemwa kwa maneno machache. Kila picha ya kale itajwe mahali na mwaka wake katika kioo, au itajwe kwamba havijulikani. Picha ya watu fulani isitumike kwa watu wengine, hata kwa sekunde mbili. Jina la mtafutaji liandikwe mwishoni mwa sinema karibu na jina la mwandishi, ili alaumiwe au asifiwe kwa kazi yake. Na kabla ya picha kwenda hewani, ipelekwe mahali inapotajwa, ikaonyeshwe kwa wazee. Hili la mwisho huitwa gharama kubwa na watu wanaolipia hoteli za wiki mbili. Simu moja na kijana mmoja mwenye pikipiki vinatosha kuipeleka nusu dakika ya picha mpaka Getanuwas. Mzee atakayeitazama atasema mambo ambayo hayamo katika orodha ya London: kwamba ng'ombe yule ana alama ya ukoo fulani, kwamba kisima kile kilikauka, kwamba mwanamke yule mwenye kibuyu alikuwa na jina. Au atasema, kwa neno moja, kwamba pale si kwao. Kwa nini mtayarishaji ajiepushe na neno hilo, kama hakulitarajia?

Jambo la mwisho halihusu zamani. Tarehe 3 Desemba 2023, baada ya mvua kubwa, tope, mawe na magogo vilishuka kutoka Mlima Hanang vikaufunika mji wa Katesh na vijiji vya jirani, kikiwamo Gendabi. Watu zaidi ya 80 walikufa. Safari hii kamera zilikuwapo, katika mikono ya wenyeji wenyewe, na kwa mara ya kwanza msiba wa Hanang ulipigwa picha na watu wa Hanang. Vipande vile vilipita kutoka simu hadi simu, na kila kilipopita kilipunguka: jina la aliyepiga likadondoka, saa ikadondoka, mtaa ukadondoka, mpaka vikabaki tope na sauti za kilio tu. Mtafutaji wa picha wa mwaka 2050 atavikuta hivyo, kama mwenzake wa leo anavyowakuta ng'ombe wasio na mwenyewe, na mtayarishaji wa siku hizo atavitumia kwa mafuriko yoyote ya mahali popote. Leo bado yuko mtu, hapo Katesh, anayejua kipande kipi kilipigwa kutoka baraza ya nani, saa ngapi za asubuhi, na ni nani aliyekuwa akiita jina la nani. Anaweza kuulizwa wiki hii. Simu zenyewe hubadilishwa, huibiwa, huanguka majini.